Njia ikibana, nani apite kwanza?



Juma hili nimepata swali kutoka kwa dereva mmoja wa Hiace anayefanya safari zake kati ya Bariadi na Lamadi. Ameuliza hivi: mahali ambapo barabara imebanwa, magari mawili hayawezi kupishana, hakuna askari wala kibao, ni nani mwenye haki ya kupita kwanza?

Kabla ya kumjibu, nilipita stendi hapa mjini Bariadi nikawauliza wenzake. Wa kwanza alinijibu kuwa mwenye haki ni aliyefika mapema. Wa pili alisema ni mwenye gari kubwa, kwa kuwa lori lenye shehena si kitu cha kusimamishwa ovyo. Wa tatu alicheka, akasema mwenye haki ni yule asiyeogopa. Wenzake nao wakacheka. Jibu hilo la tatu ndilo lililonifanya nishike kalamu, kwa sababu nahofia kuwa ndilo linalotawala katika barabara zetu.

Ndugu msikilizaji, sisi wa Simiyu tumepata barabara nzuri. Mkoa wetu ulianzishwa mwaka 2012, na wengi wetu tunakumbuka vumbi la kiangazi na tope la masika kwenye safari ya kwenda Shinyanga au Mwanza. Leo lami imetandikwa kutoka Lamadi kupitia Bariadi na Maswa hadi Mwigumbi. Kipande cha Bariadi na Lamadi peke yake ni zaidi ya kilomita 70, na kile cha Maswa na Bariadi ni karibu kilomita 50. Hayo ni maendeleo, na hatuna budi kushukuru.

Lakini lami imekuja na mwendo. Zamani shimo lilikuwa askari: lilimlazimisha kila dereva apunguze mwendo, apende asipende. Sasa mashimo yameondoka, ila sehemu nyembamba zimebaki. Kuna madaraja na makalavati. Kuna mahali mkandarasi amefunga nusu ya barabara kwa matengenezo. Kuna siku za gulio, biashara inapomwagika hadi ukingoni mwa lami. Kuna msimu wa pamba, malori yanapoegeshwa kando ya ghala la AMCOS na kula nusu nzima ya njia. Na kuna mkokoteni wa ng'ombe, ambao popote ulipo barabara hubana.

Hebu tufanye hesabu ndogo. Sheria inaruhusu basi kwenda kilomita 80 kwa saa nje ya miji. Gari lenye mwendo huo hukata mita 22 kwa sekunde moja. Kama linalokuja mbele yake nalo lina mwendo huo huo, basi kila sekunde magari hayo yanakaribiana kwa mita 44. Yakiwa umbali wa mita 200, yaani viwanja viwili vya mpira, hayana hata sekunde tano kabla ya kukutana. Ukianza kuhesabu moja, mbili, tatu, nne, tano, hutamaliza. Na katika muda huo kila dereva anatakiwa amwone mwenzake, akisie nia yake, aamue, kisha akanyage breki, na basi lililojaa watu halisimami papo hapo kama baiskeli. Kwa hiyo anayesubiri afike mdomoni mwa daraja ndipo aanze kufikiri nani apite, amechelewa.

Hapa Simiyu hatuhitaji kuambiwa maana ya magari kugongana uso kwa uso. Tarehe 11 Januari 2022, wilayani Busega, gari lililobeba waandishi wa habari kutoka Mwanza liligongana na Hiace ya abiria, na watu zaidi ya kumi wakapoteza maisha. Waandishi wale walikuwa wenzetu wa kazi. Abiria wale walikuwa ndugu zetu. Simtaji hapa dereva yeyote kwa lawama. Nawakumbusha tu kwamba katika ajali ya namna hiyo, mwenye haki na asiye na haki hubebwa kwa machela moja.

Sasa nirudi kwenye swali. Majibu ya pale stendi yote yana kasoro moja: yanadhani kuwa haki ya kupita ni mali ya mtu, kama vile shamba au ng'ombe. Siyo. Kanuni za barabarani kazi yake ni kumwonyesha dereva anayepaswa kusubiri. Anayepaswa kusubiri akisubiri, mwenzake anapita kwa usalama. Akikataa kusubiri, yule mwingine hapewi ruhusa ya kumgonga. Haki ya kupita, ndugu msikilizaji, hupewa, hainyakuliwi.

Ni nani basi anayepaswa kusubiri?

Kwanza, palipo na alama, alama ndiyo hakimu. Pembetatu iliyopinduliwa kichwa chini inakuambia mpishe mwenzako. Ipo pia alama ya duara yenye mishale miwili, mmoja mwekundu na mwingine mweusi, inayotumika kwenye madaraja membamba katika nchi nyingi: mwenye mshale mwekundu ndiye anayesubiri. Na palipo na mtu ameshika bendera kwenye matengenezo, mtu huyo, hata kama ni kijana wa kijiji kile na kandambili zake, amri yake ni amri.

Pili, pasipo na alama, tazama kizuizi kiko upande wa nani. Sheria yetu ya Usalama Barabarani ya mwaka 1973 inatutaka tuendeshe upande wa kushoto. Basi kama lori limeharibika upande wako, au mkokoteni uko mbele yako, au kifusi kimemwagwa kushoto kwako, wewe ndiye unayetaka kuingia upande wa mwenzako. Kwa hiyo wewe ndiye wa kusubiri. Anayekuja upande wake halali hadaiwi kitu.

Tatu, daraja likiwa jembamba pande zote mbili, aliyekwisha kuingia amalize. Usimfuate mdomoni. Simama mbali kidogo, umwachie nafasi ya kutokea. Na kama mmefika pamoja, mwepesi ampishe mzito. Gari dogo husimama na kuondoka kwa urahisi. Lori lenye marobota ya pamba likisimama kwenye mwinuko, kuondoka kwake ni kazi. Ndiyo kusema yule dereva wa pili pale stendi alikuwa na nusu ya ukweli. Mzito anapishwa kwa hisani na busara ya mwepesi. Hapati kwa hilo ruhusa ya kutisha watu kwa honi.

Nimeshuhudia mwenyewe jambo hili likikosekana. Ilikuwa kwenye kalavati moja, nusu ya njia imefungwa kwa matengenezo, na mshika bendera amekwenda kula. Lori liliingia upande mmoja, basi tulilokuwamo likaingia upande wa pili, yakasimama pua kwa pua. Kila dereva alisema yeye alifika kwanza. Nyuma ya kila mmoja magari yakajipanga, yakambana asiweze kurudi. Dakika arobaini zilikatika. Kwenye foleni ile alikuwamo mama mwenye mtoto mgonjwa. Alishuka akavuka kwa miguu juani, mtoto mgongoni, akatafute pikipiki ng'ambo ya pili ampeleke hospitali. Mwishoni utingo mmoja alifanya alilopaswa kufanya dereva tangu mwanzo: alihesabu. Nyuma ya lori kulikuwa na magari matatu, nyuma ya basi tisa. Akawaomba wale watatu warudi kwanza, kisha lori. Haikuchukua dakika tano. Hiyo nayo ni kanuni nzuri: mkikwama, upande wenye magari machache ndio urudi, bila kuulizana nani mwanaume zaidi.

Liko jambo jingine: taa. Madereva wetu wana lugha ya kupiga taa kubwa. Tatizo ni kwamba lugha hiyo haina kamusi. Mmoja akipiga taa ana maana ya "pita, nakusubiri". Mwingine akipiga taa hiyo hiyo ana maana ya "kaa huko, mimi nakuja". Sasa fikiria hao wawili wakutane usiku kwenye daraja. Kitabu cha sheria za barabarani cha Uingereza kinawaambia madereva kwamba kupiga taa kuna maana moja tu: nipo hapa. Nasi tufanye hivyo. Kama unampisha mwenzako, simama kabisa pembeni, gari litulie. Gari lililosimama haliwezi kueleweka vibaya.

Ndugu msikilizaji, njia haibani kwenye madaraja tu. Hubana pia pale njia mbili zinazokwenda upande mmoja zinapoungana kuwa moja. Waliosafiri kutoka Dar es Salaam baada ya barabara ya Kimara hadi Kibaha, kilomita 19.2, kupanuliwa kuwa njia nane, wanajua ilivyokuwa njia hizo zilipokwisha na magari kurudi kwenye barabara ya njia mbili. Hapo ndipo utaona ufundi wetu wa kuchomekea na kutanua. Anayetanua hupita hadi kwenye vumbi, pembeni mwa lami, wanapotembea watoto wa shule. Na aliyeko kwenye mstari, kwa hasira, humbana hata yule anayeingia kwa utaratibu, bampa kwa bampa, kana kwamba akimwachia nafasi moja atakuwa amepoteza urithi.

Wajerumani walilimaliza jambo hili kwa kuliandika katika sheria yao. Njia moja inapokwisha, magari yanatumia njia zote mbili mpaka karibu na pale panapobana, kisha yanaingia kwa zamu: moja la huku, moja la kule, kama meno ya zipu. Aingiaye anawasha indiketa mapema na kulinganisha mwendo wake na wa wenzake. Aliyeko kwenye njia inayoendelea anaachia nafasi ya gari moja, kisha anafuata. Mwenye kuachia gari moja hupoteza sekunde mbili au tatu. Mwenye kukataa huisimamisha foleni nzima, naye akiwemo.

Zamu si kitu kigeni kwetu. Nenda kwenye lambo wakati wa kiangazi, maji yamepungua na makundi ya ng'ombe yamekutana. Wachungaji wengine ni watoto wa miaka kumi na miwili. Kundi lililotangulia hunywa, likitoka huingia jingine, na mwenye ng'ombe mia hamrukii mwenye ng'ombe kumi. Wanajua makundi yakichanganyika majini, yatakanyagana na maji yatakuwa tope, wakose wote. Ikiwa mtoto mwenye fimbo anaweza kulijua hilo, mtu mzima mwenye leseni anashindwaje?

Pia tusisahau wasio na injini. Mwendesha baiskeli aliyebeba magunia, mama mwenye ndoo kichwani, mkokoteni unaoingia darajani: hao wakishaingia kwenye sehemu nyembamba ni wasafiri kama wewe. Wasukumwe wapi, mtoni? Ngoja wavuke. Nanyi wenye mikokoteni, fungeni kitu kinachong'aa nyuma wakati wa usiku, maana dereva hawezi kumpisha asiyemwona. Nanyi vijana wa bodaboda, kupenya katikati ya magari mawili yanayopishana darajani si ujanja.

Wenye barabara nao wana sehemu yao. TANROADS na TARURA waweke alama mapema kabla ya sehemu nyembamba, tena zionekane usiku. Mkandarasi akifunga nusu ya njia, aweke watu wa bendera pande zote mbili, na mmoja akienda kula, mwingine ashike. Na sisi wananchi tuwafichue wanaong'oa vibao na kuviuza kama vyuma chakavu. Kibao kimoja kinachoingia kwenye mizani ya vyuma chakavu kimeacha daraja moja bila hakimu. Madaraja nayo hatimaye hupanuliwa: lile la zamani la Wami, lililokuwa jembamba mno, lilipata mbadala wake mwaka 2022. Lakini hatuwezi kungoja kila kalavati ipanuliwe ndipo tujifunze kupishana.

Kwa hiyo, ndugu yangu wa Hiace, jibu langu ni hili. Ukiiona njia inabana, punguza mwendo mapema. Tazama alama, tazama kizuizi kiko kwa nani, tazama nani amekwisha kuingia. Na ukiona shaka, mpishe mwenzako. Abiria uliowapakia Bariadi hawakulipa nauli ili ushinde. Walilipa ili wafike. Na wewe abiria, dereva akisimama kumpisha mwingine, usimzomee kuwa ni mwoga. Mwambie ahsante.

Ndugu msikilizaji, tukutane tena juma lijalo. Kwaheri.