Nia Iliyongoja Miaka 35



Kila sifa njema ni ya Allah (S.W.T.), Mola aliyetufikisha Ramadhani nyingine ilhali baadhi ya tuliofunga nao mwaka jana wako makaburini. Rehema na amani zimfikie Mtume wetu Muhammad (S.A.W.), jamaa zake na maswahaba wake wote. Ama baad.

Ndugu zangu wa kiume na wa kike, mada niliyopewa ni malengo ya kijana. Nimeona niizungumze kwa kupitia mtu ambaye si kijana wala si Muislamu: mwanamke wa Kimarekani aliyeogelea kutoka Cuba hadi Florida akiwa na umri wa miaka 64. Utaniuliza, Ramadhani na kuogelea wapi na wapi? Nivumilie kidogo.

Kwanza, kuogelea si jambo geni katika dini yetu. Katika Hadithi aliyoipokea Imam Nasai, Mtume (S.A.W.) ametaja mambo manne yasiyohesabiwa kuwa mchezo wa bure, na mojawapo ni mtu kujifunza kuogelea. Na sisi watu wa pwani twajua, hata Lamu wakati wa Maulidi vijana hushindana kuogelea. Ama mavazi ya mama huyu na mambo yake mengine, hayo siyazungumzii. Ninachokitafuta kwake ni kimoja tu: subira juu ya nia.

HABARI YAKE

Jina lake ni Diana Nyad. Alizaliwa New York mwaka 1949, akakulia Florida, kusini mwa Marekani. Ujanani alikuwa hodari wa kuogelea masafa marefu. Mwaka 1975 alikizunguka kisiwa cha Manhattan kwa kuogelea, kwa muda usiotimia saa 8. Lakini moyo wake ulikuwa Cuba. Kutoka Havana mpaka Key West, kisiwa kilichoko ncha ya Florida, ni kama kilomita 177. Ukitaka kuujua umbali huo, panda basi Mombasa uelekee Nairobi. Utafika Voi, utaipita, na bado utakuwa hujamaliza. Sasa ifanye safari hiyo kwa mikono na miguu, ndani ya maji ya chumvi, mchana na usiku.

Alijaribu mwaka 1978, akiwa na miaka 28, ndani ya kizimba cha kumkinga na papa. Upepo na mawimbi vikampeleka kombo. Baada ya takriban saa 42 majini, akatolewa bila kufika. Mwaka uliofuata aliogelea kutoka Bahamas hadi Florida, kisha akaacha kabisa. Akawa mwandishi na mtangazaji wa michezo. Miaka 30 ikapita.

Mwaka 2007 mamake alifariki akiwa na miaka 82. Diana naye alikuwa anakaribia 60. Akapiga hesabu: kama nami nitaishi kama mama, nimebakiwa na miaka 22 hivi. Nitaifanyia nini? Hebu zingatia swali hilo, kwa sababu sisi twaliita muhasaba, mtu kujihesabu nafsi yake kabla hajahesabiwa. Akarudi majini.

Mwezi wa Agosti 2011 alijaribu mara ya pili. Bega likamuuma, pumu ikamshika, akatolewa. Mwezi uliofuata akajaribu mara ya tatu. Safari hiyo alichomwa na yavuyavu, wale viumbe laini wa baharini wanaowasha kama moto. Wa huko wana sumu inayoweza kuua mtu. Akatolewa. Agosti 2012, mara ya nne: yavuyavu tena, na dhoruba juu yake. Akatolewa.

Wengi walimwambia basi, mama, inatosha. Yeye alirudi kwenye mazoezi. Jumamosi tarehe 31 Agosti 2013, yapata saa tatu asubuhi, aliingia majini Havana kwa mara ya tano, bila kizimba. Jumatatu tarehe 2 Septemba, yapata saa nane mchana, alitembea kwa miguu yake mchangani Key West, uso umevimba, midomo imefura, maneno hayatoki vizuri. Alikuwa majini kwa saa 53 hivi.

KABLA HATUJASHANGILIA

Sisi tumefundishwa kuihakiki habari inapotufikia, kwa hiyo sitaacha upande wa pili. Baada ya safari ile, waogeleaji wengine waliuliza maswali. Kumbukumbu za waliokuwa wakishuhudia zilikuwa na mapengo. Wasaidizi walimgusa walipokuwa wakimvalisha vazi la kujikinga na yavuyavu, na sheria za mchezo huo kwa desturi hukataza muogeleaji kusaidiwa kwa mkono. Mwaka 2023 jumuiya ya World Open Water Swimming Association ilieleza kwamba safari ile haikuthibitishwa rasmi.

Kwamba aliingia majini na miaka 64 baada ya kushindwa mara nne, hilo halina ubishi. Lakini ona jinsi kazi ya miaka 35 inavyoweza kutiwa doa kwa sababu daftari halikuandikwa sawasawa. Kijana mwenzangu, unayeshika hazina ya kikundi, unayeandika deni la duka la babako, unayekusanya zaka na sadaka za futari: kazi njema bila maandishi na mashahidi humpa kila mtu nafasi ya kusema. Kuna sababu aya iliyo ndefu kuliko zote katika Qur'ani, katika Suratul Baqara, ikawa inazungumza juu ya kuandika deni na kuweka mashahidi.

Na kwa anayetaka mfano usio na maneno, yuko Otto Thaning, daktari wa upasuaji wa moyo kutoka Afrika Kusini. Mwezi wa Septemba 2014, akiwa na miaka 73, aliogelea kutoka Uingereza hadi Ufaransa kwa saa 12 na dakika 52. Ni kama kilomita 33 za maji baridi yanayotetemesha mifupa.

UMMU HARAM NA BAHARI

Sasa turudi nyumbani kwetu. Madrasa tulisoma habari za Ummu Haram bint Milhan (R.A.). Mtume (S.A.W.) alilala nyumbani kwake, akaamka akicheka. Alipomuuliza, akamwambia ameonyeshwa watu wa umma wake wakipanda bahari katika njia ya Allah, wamekaa kama wafalme juu ya viti vyao. Ummu Haram akamwomba amwombee awe miongoni mwao, naye akamwombea.

Miaka ikapita. Mtume (S.A.W.) akafariki. Akapita Sayyidna Abubakar, akapita Sayyidna Umar. Ni katika ukhalifa wa Sayyidna Uthman, zaidi ya miaka 15 baada ya Mtume kuondoka, ndipo Waislamu walipopanda bahari kwenda Cyprus, na Ummu Haram akawamo pamoja na mumewe Ubada bin Samit (R.A.). Hakuwa tena mwanamke kijana. Alianguka kutoka juu ya mnyama wake, akafariki huko huko, na kaburi lake mpaka leo laonyeshwa karibu na mji wa Larnaca.

Hatusomi kwamba alisema umri umempita. Dua aliyoombewa Madina aliibeba mpaka siku mashua zilipokuwa tayari, na siku hiyo ilipofika akainuka akaenda.

TUNAPATA NINI?

La kwanza, kijana asijitangazie matanga. Chuoni twakaa na mtu ana miaka 22, gredi za Form Four hazikumpeleka alikotaka, ashasema, "Mimi nishachelewa." Umechelewa wapi? Mzee Kimani Maruge aliingia darasa la kwanza kule Eldoret mwaka 2004 akiwa na miaka 84, akakaa kwenye dawati na watoto wa umri wa vitukuu. Kama hukupata udaktari, huenda njia ni kupitia diploma, au biashara kwanza na masomo baadaye. Mlango kuchelewa kufunguka si sawa na mlango kufungwa.

La pili, usiyageuze maneno hayo yakawa godoro la kulalia. Mama yule alipata kurudi majini na miaka 60 kwa sababu alijenga mwili na ufundi akiwa na miaka 20. Anayesema nitahifadhi Qur'ani nikizeeka, naye leo hata Juzuu Amma haifungui, huyo hana nia, ana ahadi tu. Maji ukiyavulia nguo, yaoge. Tena anza na kidogo. Waogeleaji wa masafa huhesabu mikono wanayopiga, mmoja baada ya mmoja. Diana alikuwa akihesabu na kuimba kimoyomoyo saa nyingi mfululizo. Hakuna awezaye kubeba kilomita 177 kwa mara moja kichwani mwake. Hata Ramadhani hatuifungi siku 30 kwa pamoja. Twafunga ya leo, jua likitua twafuturu.

La tatu, tazama mashua iliyo pembeni. Muogeleaji aonekana peke yake, kumbe safari ile ilikuwa na watu zaidi ya 30. Kulikuwa na wa kupima mkondo wa maji, wa kumlisha, wapiga mbizi wa kuangalia papa, na mtaalamu wa yavuyavu. Usiku taa nyeupe ziliepukwa kwa kuwa huwavuta viumbe hao. Basi na wewe uliza: mashua yangu ni akina nani? Marafiki wa baraza wanaokucheka ukifungua kitabu, hao si mashua, hao ni yavuyavu.

La nne, na hili ndilo lililonifanya nichague mada hii, ni juu ya wazazi wetu. Katika nyumba nyingi yuko mama aliyeozwa akiwa darasa la saba, au baba aliyeacha shule ili wadogo zake wasome. Mama huyu akisema ataka kujiunga na madrasa ya watu wazima, watoto wa kwanza kucheka ni sisi tuliosomeshwa kwa jasho lake. "Mama nawe, na umri huu?" Neno hilo laweza kumrudisha mtu nyumbani miaka kumi. Kumbuka wahyi ulimshukia Mtume (S.A.W.) akiwa na miaka 40, na maswahaba wengi waliijua Qur'ani wakiwa watu wazima wenye familia.

KAZI YA MWEZI HUU

Basi nakuomba jambo moja kabla ya Idd. Usiku mmoja baada ya Tarawehe, kaa na mamako au babako, au nyanyako akiwa hai, umwulize: ulikuwa ukitaka kuwa nani, ukitaka kujua nini? Umsikilize mpaka amalize, usimcheke. Kisha umsaidie hatua moja. Akitaka kujifunza herufi, mfundishe alif na ba wewe mwenyewe. Akitaka kushona, mtafutie fundi. Akina dada, mkitaka kujifunza kuogelea, jikusanyeni mtafute mahali na saa za wanawake peke yao. Na yeyote asiingie majini peke yake, wala asiogelee akiwa amefunga, maana maji yakikupita kooni swaumu yako imo hatarini.

Twamwomba Allah (S.W.T.) atukubalie swaumu na visimamo vyetu, awape wazee wetu umri wenye baraka, atupe sisi nia isiyochoka na kazi isiyo na udanganyifu, na awarehemu waliotangulia. Aamin.

Wabillahi tawfiq. Wassalaam alaykum warahmatullahi wabarakaatuh.