Somo la Redio: Mpiga Bendi na Muziki wa Sinema

Fungueni daftari zenu. Leo twasoma habari za kazi ya mwanamuziki. Ndani yake mtakuta hesabu, na mtaona faida ya kujua kusoma.

Mkoani Iringa bendi si jambo geni. Wengi wenu mwaikumbuka Tancut Almasi Orchestra ya miaka ya 1980. Katika dansi, wachezaji ndio watawalao: wakichangamka, bendi huongeza chemko. Katika sinema na televisheni, picha ndiyo itawalayo. Mtungaji huitazama pamoja na mwongozaji, saa mkononi, akiandika: hapa muziki uanze, hapa unyamaze.

Tufanye hesabu. Katika picha, mama apanda kilima na kuni kichwani kwa sekunde 30. Mtungaji achagua mwendo wa mapigo 80 kwa dakika. Basi ana mapigo 40 tu. Pigo la 41 litaangukia picha nyingine, labda ya msiba.

Sasa mfano. Ayub Ogada wa Kenya alikuwa miongoni mwa walioanzisha African Heritage Band mjini Nairobi mwaka 1979. Mwaka 1986 alikwenda Uingereza na nyatiti, chombo cha Wajaluo chenye nyuzi nane. Katika albamu yake ya mwaka 1993 umo wimbo Kothbiro, maana yake “mvua inakuja”. Mwaka 2005 wimbo huo ulisikika katika sinema The Constant Gardener, ambayo mtungaji wa muziki wake alikuwa Alberto Iglesias wa Hispania. Ogada alifariki mwaka 2019. Wimbo ungali unasikika.

Hapo mwaona njia mbili: kutunga muziki mpya kwa ajili ya picha, au kuruhusu wimbo uliokwisha kutungwa utumike. Njia zote mbili hupita mlango mmoja, nao ni mkataba.

Mkulima wa Ilula akiuza tenga la nyanya, nyanya zimekwenda, atalima nyingine. Wimbo si nyanya. Waweza kuuruhusu kwa sinema moja, ukabaki mali yako. Waweza pia kuuuza wote, usiwe na neno tena. Tofauti yaweza kuwa sentensi moja katika karatasi. Sheria ya Hakimiliki ya Tanzania ya mwaka 1999 iliweka kwamba haki ya mtungaji yadumu maisha yake yote na miaka 50 baada ya kufa kwake. Kwa hiyo dole gumba moja, likitiwa bila kusoma, laweza kuwanyima hata wajukuu.

Kabla ya kutia sahihi, tafuta mambo manne: wimbo upi, sinema ipi, kwa muda gani, na malipo kiasi gani. Lisipoandikwa moja, uliza.

Maswali
1. Kwa mwendo wa mapigo 120 kwa dakika, sekunde 15 zina mapigo mangapi?
2. Kuruhusu wimbo na kuuza wimbo vyatofautianaje?
3. Andika sentensi moja ya mkataba wa kuruhusu wimbo wako kwa sinema moja tu. Msomee jirani yako darasani.

Kwaherini, mpaka somo lijalo.