Maji Yenye Majina ya Wanyama



Kazi ya mfasiri ni kutafuta maana ya maneno, na hakuna maneno yaliyo magumu kufasiri kama majina ya mahali. Leo napenda kusema juu ya maji yaliyopewa majina ya wanyama.

Majina hayo hayakutolewa kwa mchezo. Mchungaji afikapo majini na mifugo yake hutaka kujua mambo mawili: mna nini cha kumdhuru, na mna nini cha kumfaa? Aliyemtangulia humjibu kwa jina. Ndiyo sababu kando ya barabara ya Mombasa na Nairobi pana mahali paitwapo Kiboko. Na katika barabara iyo hiyo pana Mtito Andei, maana yake kwa Kikamba ni msitu wa tai. Huko Tanzania uko mji wa Mto wa Mbu, na mgeni alisikiapo jina hilo hutafuta chandarua mapema.

Sasa tuyatazame maji yetu wenyewe. Mbele ya pwani hii kuna Kisiwa cha Kati, kilichofanywa hifadhi ya taifa mwaka 1983. Ndani yake mna maziwa madogo matatu, katika mashimo ya mlima wa moto: Ziwa la Mamba, Ziwa la Heroe na Ziwa la Tilapia. Jina la kwanza laonya, kwa kuwa mamba huzaliana kisiwani humo. La pili lataja ndege wenye miguu mirefu. La tatu lataja kitoweo.

Ziwa kubwa lenyewe, wasafiri Teleki na von Höhnel waliliita Rudolf mwaka 1888, kwa heshima ya mrithi wa ufalme wa Austria. Jina lile halikumweleza mvuvi jambo lolote, na mwaka 1975 likabadilishwa kuwa Turkana. Lakini wenyeji walikuwa na jina lao, Anam Ka'alakol, yaani bahari ya samaki wengi, na Kalokol yatokana na jina hilo.

Hata hivyo, jina hueleza desturi ya maji kwa vizazi vingi. Si ahadi ya kila mwaka. Karibu na mwaka 1980 kilijengwa hapa kiwanda cha kugandisha samaki kwa msaada wa Norway, nacho kilifanya kazi muda mfupi tu. Katika miaka iyo hiyo ya 1980 Ghuba ya Ferguson ilikauka, na waliotegemea uvuvi wakapata shida kubwa.

Basi nawasihi walimu na vijana: waulizeni wazee majina ya vijito na mito mikavu, na mnyama gani alionekana pale, na maji yalifika wapi. Yaandikeni. Mnyama akiisha kutoweka, jina ndilo shahidi aliyebaki.