Fidia Iliyochelewa na Riba Yake



Tukikutana nanyi, aghalabu huzungumzia namna ya kuepuka ajali. Leo tunamzungumzia yule ambaye ajali imekwisha kumfika, akaenda mahakamani, akashinda, kisha akakaa miaka akingoja kulipwa. Siku anapoitwa kuchukua fedha zake, hupewa kiasi kilekile kilichotamkwa na hakimu, naye akatia sahihi kwamba hana dai tena. Hapo amepoteza sehemu ya haki yake pasipo kujua.

Fidia ikishatamkwa huwa deni. Mdaiwa akichelewa kulipa, fedha hiyo huendelea kumfaa yeye, huku majeruhi akikopa ili anunue dawa na kulipa karo ya watoto. Riba imewekwa ili kuchelewesha malipo kusiwe na faida.

Sheria za mashauri ya madai za Uganda na Kenya zinafanana katika jambo hili. Mahakama yaweza kupanga kiwango cha riba inachokiona kuwa cha haki. Ikiwa hukumu imenyamaza, sheria huihesabu kuwa imeamuru riba ya asilimia 6 kwa mwaka, tangu siku ya hukumu hadi siku ya malipo. Tuseme majeruhi amepewa shilingi 10,000,000. Kila mwaka wa kungoja humwongezea shilingi 600,000. Ikipita miaka 4, anadai shilingi 12,400,000. Akipokea milioni 10 na kufunga dai, ameacha shilingi 2,400,000 mezani.

Kwa kawaida, gharama zinazothibitishwa kwa risiti, kama vile matibabu na usafiri wa kwenda hospitali, hupewa riba tangu siku kesi ilipofunguliwa. Fidia ya maumivu na ulemavu hupewa riba tangu siku ya hukumu. Kwa hiyo, tunzeni risiti zote, na hati ya madai itaje riba waziwazi.

Twafahamu kwamba wapo ndugu zetu ambao neno riba huwatia mashaka ya dhamiri. Hatuji kuwafundisha dini yao. Anayetaka kuisamehe ana hiari hiyo. Ila asamehe akijua anachokisamehe, asinyimwe kwa kutojua.

Muda nao una mipaka. Katika nchi zote mbili, kesi ya madai ya majeraha yatokanayo na uzembe hufunguliwa ndani ya miaka 3. Hukumu yaweza kudaiwa hadi miaka 12, lakini malimbikizo ya riba yaliyopita miaka 6 huzuiliwa na sheria ya ukomo. Basi anayelala juu ya hukumu yake, riba yake huliwa na kalenda.

Gari lililovuka mpaka halimwondolei majeruhi haki. Kadi ya Manjano ya COMESA hubeba bima ya mtu wa tatu katika nchi nyingine zilizomo katika mpango huo, Uganda na Kenya zikiwamo. Ajali ikitokea, andikeni namba ya gari, ya bima na ya kadi hiyo kabla lori halijaondoka.

Kazi yetu polisi ni kupima eneo la ajali, kuchora ramani yake, kuandika maelezo ya mashahidi na kutoa ripoti ambayo mahakama na kampuni ya bima huitegemea. Hatupangi fidia wala riba. Yeyote anayewaambia kwamba atawapatia malipo ya haraka kupitia kwa askari, mkitia sahihi karatasi msiyoielewa, leteni habari zake kituoni.

Kabla ya kutia sahihi, ulizeni mambo matatu: hukumu ilitolewa lini, riba ni asilimia ngapi, na hadi leo imefika kiasi gani. Mkiwa na mashaka, ipelekeni karatasi hiyo kwa wakili au kwa karani wa mahakama. Siku moja ya kuuliza haitawapunguzia haki yenu.