Uhuru na Moshi wa Jikoni



Tumeombwa tuzungumzie maendeleo na utunzaji wa mazingira. Mada ni pana, nasi wauguzi tumezoea kuanza na mgonjwa aliye mbele yetu. Basi tuanze na mapafu.

Tarehe 9 Desemba sisi huikumbuka kwa mwaka 1961. Hapa Uingereza ina kumbukumbu nyingine. Mwaka 1952, kuanzia tarehe 5 hadi 9 Desemba, jiji la London lilifunikwa na ukungu uliochanganyika na moshi wa makaa ya mawe. Maelfu ya watu walikufa, wengi wao wazee, watoto wachanga na wenye maradhi ya kifua. Makaa hayo ndiyo yaliyoendesha viwanda na kupasha nyumba joto. Kilichowapa riziki ndicho kilichowakaba pumzi.

Mwaka 1956 Bunge lilipitisha Sheria ya Hewa Safi. Sheria hiyo haikuishia kukataza moshi. Iliwawezesha wenye nyumba kulipiwa sehemu kubwa ya gharama za kubadili meko yao. Hilo ndilo tunalotaka tuondoke nalo leo: ukitaka watu waache moshi, changia gharama ya kuuacha.

Sasa twende nyumbani Tanzania, ambako familia nyingi bado hupikia kuni na mkaa. Shirika la Afya Duniani linakadiria kuwa moshi wa majumbani ulisababisha vifo milioni 3.2 duniani mwaka 2020, vikiwemo zaidi ya 237,000 vya watoto walio chini ya miaka mitano. Mtoto anayebebwa mgongoni jikoni hupata nimonia kwa urahisi zaidi. Bibi aliyepuliza moto miaka hamsini anaweza kuwa na mapafu kama ya mvuta sigara, ingawa hajawahi kushika hata moja.

Msitu nao unaumia. Tanuri la kienyeji la udongo hupoteza sehemu kubwa ya nguvu iliyomo kwenye mti. Na mti hauhusu mkaa peke yake. Bwawa la Julius Nyerere kwenye Mto Rufiji limejengwa kuzalisha megawati 2,115 za umeme. Mitambo yake inazungushwa na maji, na misitu ya mabonde ya juu ndiyo inayoyalinda maji hayo.

Hata hivyo tusimfanye mchoma mkaa kuwa adui. Gunia lake ndilo ada ya mtoto. Katika baadhi ya vijiji vya Kilosa, mkoani Morogoro, wanakijiji waligawa sehemu ya msitu wao vipande vipande. Kipande kikivunwa, visiki huachwa vichipue, na mpango wao ni kutokirudia mpaka ipite miaka 24. Ushuru wa mkaa huo umesaidia huduma za kijiji. Hapo msitu unabaki na mtu anakula.

Mwaka 2024 Serikali ilizindua mkakati wa nishati safi ya kupikia, unaolenga asilimia 80 ya Watanzania kuitumia ifikapo 2034. Lengo ni zuri, lakini kikwazo kipo mfukoni. Mkaa unanunuliwa kwa kopo, leo kidogo na kesho kidogo. Gesi inadai pesa zote kwa mkupuo. Ndiyo maana mtungi hujazwa mara moja, ukiisha unasukumwa uvunguni, na mama anarudi kwenye jiko la mkaa.

Hapo ndipo sisi wa ughaibuni tuna nafasi yetu. Tunatuma ada, tunatuma pesa za matibabu. Tuitenge na pesa ya kujaza mtungi au ya umeme wa kupikia, maana ni afadhali kuliko kutuma nauli ya hospitali. Tunaojenga nyumba kule tusimalizie fedha zote sebuleni. Jikoni pawe na madirisha makubwa na soketi ya jiko la umeme. Na ambaye bado hana njia ila mkaa, tumnunulie jiko banifu, apikie mahali penye hewa, wala asilale na jiko linalowaka chumbani. Gesi ya kaboni monoksaidi haina rangi wala harufu, na huchukua nafasi ya oksijeni kwenye damu.

Nanyi watoto wetu, mnapompigia bibi simu mmezoea kumwuliza, "Bibi, leo umepika nini?" Ongezeni swali la pili: "Na umepikia nini?" Akijibu, tuambieni sisi wazazi wenu.

Wazee wetu waliupokea uhuru kwa kauli ya "Uhuru na Kazi". Kazi hii ni yetu, na tunaweza kuianza mwezi huu huu, siku ya kutuma pesa.

 Mungu ibariki Tanzania.