Kumpima Mtoto Aliyemo Tumboni

Sifa njema zote zinamstahiki Mwenyezi Mungu, Muumba wa kila kiumbe kwa sura aitakayo. Rehema na amani zimshukie Mtume wetu Muhammad (S.A.W.), jamaa zake na sahaba zake. Ama baada ya hayo.

Ndugu zangu Waislamu, nanyi mnaotusikiliza majumbani, akina mama na wanafunzi, nakuusieni na kujiusia nafsi yangu kumcha Mwenyezi Mungu.

Huenda mwanamke mja mzito akaambiwa na daktari kwamba kuna kipimo kiwezacho kuonyesha kama mtoto wake ana hali iitwayo Down. Katika nchi za Ulaya kipimo hiki kimekwisha kuwa jambo la kawaida. Denmark ilianza kukitolea mwaliko kwa kila mja mzito mwaka 2004, na tangu hapo watoto wa namna hii wanaozaliwa huko wamepungua sana. Kwetu hupatikana katika hospitali chache za miji mikubwa, kwa gharama, lakini maswali yake yamekwisha kutufikia. Je, ni halali kupima? Na jibu likiwa ndiyo anayo, tufanyeje?

Kwanza tuijue hali yenyewe. Daktari Mwingereza John Langdon Down aliieleza mwaka 1866. Sababu yake ilitangazwa Ufaransa mwaka 1959 na Jérôme Lejeune, Marthe Gautier na mwenzao Raymond Turpin. Kwa kawaida kila seli ya mwanadamu ina kromosomu 46. Mtoto huyu ana 47, kwa kuwa ile ya 21 imekuwa tatu badala ya mbili. Hujifunza polepole kuliko wenzake, na karibu nusu yao huzaliwa na kasoro ya moyo. Si uchawi, si jini, wala si malipo ya dhambi ya mtu. Mara nyingi sana ni hitilafu itokeayo chembe za uzazi zinapogawanyika, nayo huzidi kwa umri wa mama: akiwa na miaka 25 ni mtoto mmoja katika 1,200 hivi, akiwa na miaka 40 ni mmoja katika 100 hivi. Basi mume amwambiaye mkewe kuwa ukoo wake yeye haujapata kuzaa mtoto kama huyu amesema asilolijua, na anayemwacha mke kwa sababu hiyo amemdhulumu mara mbili, yeye na mtoto.

Wako wasemao kwamba kupima ni kuingilia elimu ya ghaibu, kwa kuwa Mwenyezi Mungu peke yake ndiye ajuaye yaliyomo matumboni. Sivyo. Daktari hutazama kilichokwisha kuumbwa, kama atazamavyo mfupa uliovunjika. Riziki ya mtoto, ajali yake na mwisho wake havimo katika chupa ya damu.

Lakini tuelewe kipimo kinasema nini, maana hapa watu wengi hupotea. Kipimo cha mwanzo, cha ultrasaundi pamoja na damu, hufanywa kati ya wiki ya 11 na ya 14, nacho hakisemi anayo wala hana. Husema tu kuwa uwezekano ni mkubwa au mdogo. Katika kila wajawazito 1,000, kama 50 huambiwa uwezekano ni mkubwa ilhali watoto wao hawana hali hiyo. Tangu mwaka 2011 kimekuwako kipimo kingine cha damu ya mama, kisomacho chembechembe zitokazo katika kondo la nyuma. Hicho ni bora zaidi, lakini hata chenyewe si hukumu: mama kijana anapoambiwa anayo, si ajabu kukuta sivyo. Uhakika hupatikana kwa sindano, ama kwa kuchukua kipande kidogo cha kondo kuanzia wiki ya 11, ama maji ya uzazi kuanzia wiki ya 15. Na sindano hiyo huweza kuiporomosha mimba, ingawa ni chini ya moja katika kila 100. Mtu asiamue jambo zito kwa karatasi ya kipimo cha kwanza.

Tuje kwenye sharia. Wanavyuoni wamekubaliana kuwa baada ya siku 120, roho ikishapulizwa, kuitoa mimba ni haramu, ila maisha ya mama yakiwa hatarini. Kabla ya hapo wamehitilafiana. Wamaliki ni wakali tangu mbegu kutua tumboni. Katika Mashafi, Imam Ghazali aliona ni jinai tangu mwanzo, na ubaya wake huzidi kila mimba inapokua. Baraza la Fiqhi la Rabita, lililokutana Makka mwezi wa Rajab 1410, yaani Februari 1990, lilitoa ruhusa kabla ya siku 120 kwa sharti nzito: jopo la madaktari mabingwa waaminifu lithibitishe kwa vipimo kuwa mtoto ana kasoro kubwa isiyotibika, kiasi kwamba akizaliwa maisha yake yatakuwa mabaya na ya maumivu kwake na kwa jamaa zake, na wazazi wenyewe waombe.

Je, hali ya Down imo humo? Mimi sioni kuwa hali hiyo peke yake inatosha. Mtoto huyu hatembei katika maumivu. Hucheka, hujua mamaye, hujifunza sala. Na penye matibabu mazuri wengi hufika miaka 60. Mwenye kasoro nyingine nzito zaidi, kesi yake ni nyingine, na aende kwa mwanachuoni akiwa na maelezo ya daktari mkononi. Aijue pia sheria ya nchi yake. Katiba ya Kenya ya 2010, kwa mfano, hairuhusu kutoa mimba ila kwa dharura au hatari ya maisha au afya ya mama.

Na hapa pana hesabu ambayo wengi huikosea. Siku 120 za wanavyuoni huanza tangu mimba kutunga. Wiki za kadi ya kliniki huanza siku ya kwanza ya hedhi ya mwisho, takriban wiki mbili kabla. Kwa hiyo siku 120 hutimia kama wiki ya 19 ya kadi. Sindano ya maji hufanywa wiki ya 15 au 16, na jibu huweza kuchukua wiki mbili au tatu. Nafasi ya kuuliza ni nyembamba mno.

Kwa hiyo nawanasihi mume na mke wakae pamoja kabla ya kupima, waulizane wanataka kujua kwa nini. Wakitaka kujua ili wazalie hospitali yenye daktari wa moyo wa watoto, waweke akiba na kuziandaa nyoyo zao, niya hiyo ni njema. Wasiotaka kupima hawana dhambi, na daktari hana haki ya kuwashurutisha.

Atakapozaliwa, aadhiniwe, apewe jina zuri, achinjiwe akika kama nduguze, na moyo wake upimwe mapema bila kungoja aanze kuugua. Kisha aletwe chuoni. Nyinyi walimu wa vyuo, mnajua kisa cha Abdullah bin Ummi Maktum, yule kipofu ambaye kwa ajili yake iliteremka sura ya Abasa, baadaye alikuwa mwadhini wa Mtume (S.A.W.), na Mtume akimwacha Madina kuwa naibu wake anaposafiri. Nimesikia vyuo vinavyomrudisha mtoto mlangoni kwa kuwa hukawia kutamka alifu. Mpokeeni, mkalisheni karibu na mwalimu, na mpeni mwaka mzima kwa Fatiha ikiwa atauhitaji.