Nyanya Anaposema "Nirudisheni Nyumbani"

 

Huenda unaishi na mzee wa namna hii. Nyumba ni yake, alihamia Buruburu ikiwa bado mpya, miaka ya 1970. Lakini ikifika jioni anachukua mkoba wake na kusema, "Nirudisheni nyumbani." Unamjibu, "Mama, si hapa ndipo nyumbani?" Anakutazama kama asiyekujua, kisha anaanza kulia.

Jiulize kwanza: hali hii ilianza lini? Ikiwa juzi alikuwa timamu na leo hajui alipo, huo si uzee. Yaweza kuwa maambukizi ya njia ya mkojo, nimonia, malaria, upungufu wa maji mwilini, sukari kushuka au kupanda, au dawa mpya aliyoanzishiwa. Mzee anaweza kuwa mgonjwa sana bila mwili kupata joto. Mpeleke hospitalini siku hiyo hiyo, ubebe na dawa zake zote. Usingoje Jumatatu.

Ikiwa imekuja polepole, kwa miezi, yaweza kuwa dimenshia, ugonjwa wa ubongo unaoharibu kumbukumbu. Hapo pia daktari amwone. Hajarogwa. Mambo ya jana hupotea mapema, ya zamani hukawia kupotea. Sasa fikiria Buruburu aliyobaki nayo akilini: kuta nyeupe, paa za vigae, ua mbele ya nyumba. Leo penye ua nyingi pamesimama maduka na vyumba vya kupangisha. Hata sisi tukikaa miaka miwili bila kupita huko tunapotea! Kwa hivyo anapotafuta nyumbani, hasemi uongo.

Usibishane naye. Mshike mkono, muulize, "Huko nyumbani kuna nani?" Asimulie huku akinywa chai. Pengine ana hofu tu, au njaa, au anataka choo. Washa taa kabla ya giza kuingia, maana vivuli humtisha. Stima ikipotea, kaa karibu naye. Kiti chake na kitanda chake visihamishwe. Mwekee nambari yako ya simu mfukoni, na umjulishe kwa bawabu wa geti na mwenye kioski. Usimfungie ndani peke yake. Moto ukizuka atatokaje?

Nawe mlezi, ukikesha usiku tatu mfululizo, mpigie ndugu yako simu aje ashike zamu. Usimwombe, mwambie. Kwaheri hadi wiki ijayo.